Mahali Pangu kwenye Foleni

Mume wangu hakuwa akijua hata kikapu chetu kinaning'inizwa wapi, mpaka mchele ulipoadimika, miaka michache baada ya mapinduzi. Ghafla akawa mtu wa foleni. Anaoga, anavaa kanzu iliyopigwa pasi, anajipaka mafuta mazuri, halafu anakwenda Darajani kusimama juani. Macho yake hayakuwahi kutulia, na foleni zilijaa wanawake.

Sikumuuliza. Nilishachoka kuuliza. Nikiuliza ananuna, nami nanuna, nyumba nzima vinasikika vijiko tu. Siku moja alipotoka nikaazima buibui na makubadhi ya jirani, maana vyangu anavijua, nikajifunika uso nikamfuata. Nilijiambia nikimkamata leo, narudi kwetu kwa mama.

Nilimkuta karibu na mlango wa duka, anacheka na mwanamke mmoja. Nikajipanga nyuma kabisa. Akageuka, akaniona, akaja taratibu mpaka nilipo.

"Njoo usimame pangu, bibi," akasema. "Jua hili litakuumiza."

Sauti ile niliijua. Alinisemesha nayo mwaka tuliooana, kisha ikapotea, nami nikadhani imemwisha, kama nywele zake za mbele. Kumbe alikuwa nayo siku zote. Iliniuma zaidi kuliko kile kicheko. Kujibu siwezi, atanitambua, basi nikainamisha kichwa. Akadhani naona haya, akazidi upole. Nikasimama mahali pake, yeye akaenda kushika mkia. Nilipimiwa mchele wangu nikaondoka. Kabla hajafika mlangoni, mchele ukamalizika.

Alirudi na kikapu kitupu, akasema watu walikuwa wengi mno. Nikampakulia wali. Akautazama, akanitazama mimi, akautazama tena. Mkono wake ulibaki juu ya sinia, haushuki. Akala akamaliza, akanawa, akatoka.

Kwa mama sikwenda. Nilikuwa nimechoka, na sauti ile nilikuwa nimeitamani, hata kama haikuwa yangu. Iliposikika kuwa mchele umeletwa tena, nikaenda kwa jirani kuazima buibui. Akaniuliza kama bado namchunguza mume wangu. Nikamwambia ndiyo.

Nikasimama nyuma kabisa, penye jua, nikingoja aniite bibi.