Mkono wa Kuita

Mwalimu mgeni alifika shuleni kwetu Sumbawanga mwezi wa pili, mvua zikiwa hazijakatika, kutoka Ufini, kufundisha hesabu kwa mwaka mmoja. Mkuu wa shule alinikabidhi mimi. Alisema ni kwa sababu nafundisha Kiswahili, lakini nadhani sababu hasa ilikuwa kwamba nyumba yangu ilikuwa na chumba kitupu. Nilikuwa na miaka thelathini na moja, naishi peke yangu, na sikuwa na kisingizio.

Alikuwa mwanamke kama mimi, wa umri wangu, mrefu, mchangamfu, asiyeogopa kukosea. Kiswahili alikuwa amejifunza kidogo kwao, na kingine aliokota kwa wanafunzi. Ndani ya wiki moja walishamfundisha kujibu "poa" kila akisikia "mambo", naye alijibu hivyo kwa kila mtu, hata kwa padre.

Wiki ya pili alimkosea mpishi. Mpishi wetu alikuwa mzee wa rika la baba yangu, aliyekuwa kwenye jiko la shule tangu kabla sijaajiriwa. Asubuhi hiyo alileta chai chumba cha walimu akaondoka. Mgeni aliinuka akaenda mlangoni, akataka kumwita arudi ili amshukuru. Mzee alikuwa ameshafika katikati ya uwanja, amegeuka kumwangalia. Mgeni akanyoosha mkono, kiganja kikitazama juu, akakunja na kukunjua kidole cha shahada, huku anatabasamu. Mpishi alisimama akamtazama muda wa kutosha mtu kufunga kamba za viatu. Kisha akaendelea na safari yake.

Kesho yake vikombe vya walimu vilikuja kumi na viwili badala ya kumi na vitatu. Nikaenda jikoni.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba." Alikuwa anasonga ugali, hakuacha. "Yule mgeni wenu, kwao anafuga mbwa?"

"Sijui. Kwa nini?"

"Anafuga. Mkono wake umezoea."

Jioni ile nilimweleza mgeni. Nilimwambia kwamba hapa mtu haitwi kwa kidole, kiganja kikiwa juu. Huo ni mkono wa mbwa, au wa mtu anayetafuta ugomvi. Uso ulimwiva. Alisema kwao mama humwita mtoto wake hivyo, na rafiki humwita rafiki, na hakuna anayewaza mbwa. Akaandika kwenye daftari lake. Asubuhi alienda jikoni mwenyewe, akapiga magoti kidogo na kupiga makofi ya taratibu kama nilivyomwonyesha, jinsi tunavyowasalimu wakubwa huku Ufipani, akasema, "Baba, samahani, mimi sijui." Mzee akacheka mpaka akaweka mwiko chini. Tangu hapo alimtengea ukoko, jambo ambalo mimi sijawahi kutendewa.

Nilihesabu kwamba kazi yangu nimeimaliza. Kosa langu lilikuwa hapo, ila nilikuja kulijua baadaye.

Nilizaliwa kijijini Kate, katika familia ya wakulima, watoto saba. Mama yangu hakuwa mtu wa kupaza sauti. Akiwa upande mmoja wa shamba la ulezi na sisi upande wa pili, alinyoosha mkono mbele, kiganja kikitazama chini, akavuta vidole vinne kuja kwake, mara mbili au tatu, kama mtu anayekusanya ulezi ulioanikwa juu ya turubai. Tukaenda. Sikumbuki siku niliyoambiwa kwamba hiyo maana yake ni "njoo". Hakuna aliyenifundisha, kwa hiyo haikunijia kabisa akilini kwamba kuna mtu anayehitaji kufundishwa.

Likizo ya mwezi wa sita baridi ya Sumbawanga ilimshinda hata yeye anayetoka kwenye theluji. Alisema kwao nyumba zina joto. Hapa alikuwa analala na sweta mbili. Nikamwambia twende Kabwe kwa shangazi yangu, ziwani kuna joto. Shangazi ni dada yake baba. Aliolewa na mvuvi wa huko, akasilimu, akakaa huko zaidi ya miaka thelathini. Ni mtu mwenye heshima zake, anayependa mgeni ale kwanza ndiyo aulizwe habari.

Tulipanda basi la asubuhi kupitia Namanyere. Tulipoanza kuteremka kwenda ziwani, mgeni alivua sweta moja, kisha ya pili, na alipoyaona maji alisogeza uso dirishani. Baadaye akaniambia kwao maziwa ni mengi kuliko mtu anavyoweza kuhesabu, na kwamba aliogelea kabla hajajua kusoma.

Siku ya pili, saa nne asubuhi hivi, nilikuwa uani kwa shangazi natoa magamba ya migebuka. Mgeni akaja amevaa suruali ya mazoezi na fulana, taulo begani.

"Naenda kuoga ziwani," akasema.

"Kaa pale wanapofulia wanawake," nikamwambia. "Usipite mawe."

"Sawa."

Alisema sawa, na nadhani alielewa "mawe". Lakini ufukwe ule una mawe kila mahali, na mimi sikusema ni yapi.

Nilimaliza samaki, nikanawa mikono, nikamfuata kwa kuwa sikuwa na kazi nyingine. Nilipofika ufukweni niliwakuta wanawake wanne wamesimama ndani ya maji mpaka magotini, wameacha kufua, wote wanatazama upande wa kushoto. Huko kuna kijito kinachoingia ziwani, na kwenye mlango wake kuna matete. Mgeni alikuwa anaogelea kuelekea huko, mbali kidogo na nchi kavu, taratibu, kama mtu anayetembea bustanini.

Wanawake walikuwa wanampungia mkono, wote wanne. Mikono mbele, viganja chini, vidole vinavuta: njoo, njoo, njoo.

Naye akasimama majini, akainua mkono juu, akawapungia. Kisha akaendelea.

"Mamba!" mwanamke mmoja akapiga kelele. "Mamba!"

Upepo ulikuwa unatoka ziwani, na kulikuwa na boti lililokuwa linajaribu kuwasha injini. Nilimwona mgeni anageuza kichwa. Nikasikia sauti yake, nyembamba, yenye furaha.

"Poa!"

Kuna mwanamke mmoja pale alianza kulia. Mimi niliingia majini na viatu. Nikanyoosha mkono nikamwita, na ninajua vizuri nilimwitaje, kwa sababu baadaye nilijaribu kuurudia mbele ya kioo. Nilimwita kama mama yangu. Kiganja chini. Nilivuta hewa kwa mikono miwili kama mwendawazimu, nikaita jina lake, nikaita kwa Kiingereza, na injini ya boti ikashika na kuzima sauti yangu. Naye akanipungia tena. Akazidi kwenda. Alikuwa amebakiza kama mita arobaini kufika kwenye matete.

Sijui kwa nini niliuona mkono wangu wakati ule. Niliutazama kama mkono wa mtu mwingine. Nikaona kwamba kwa mtu aliye mbali, asiyeujua, ni mkono unaoaga. Nenda salama. Tutaonana.

Nikaugeuza. Kiganja juu, mkono wote umenyooka ili auone, nikakunja kidole na kukunjua, nikakunja na kukunjua, jinsi mtu anavyomwita mbwa aliyeiba nyama.

Akasimama palepale. Nilimwona akikunja uso. Kisha akageuka na kuanza kurudi, sasa kwa nguvu, mikono ikikata maji, kwa kuwa alikuwa ameelewa pia kwamba mimi kamwe nisingemwita hivyo kama hakuna jambo.

Alipotoka nilimshika mkono nikamkalisha mchangani. Nikamwambia kwa Kiingereza kuna mnyama gani kwenye yale matete. Akatazama huko muda mrefu. Hakukuwa na kitu cha kuona, maji yalikuwa yametulia.

"Nilidhani wananisalimu," akasema. "Halafu nikadhani wananiaga. Nilisema, watu wa hapa ni wema sana."

Wakati huo shangazi alikuwa ameshafika, ameitwa na makelele. Alikuwa amesimama juu kidogo, mtandio umeanguka mabegani, na alikuwa ameona sehemu ya mwisho tu.

"Umemwitaje mgeni wangu?" akaniuliza.

"Shangazi, alikuwa anaenda kwenye matete."

"Nimekuuliza umemwitaje. Mbele za wake za watu. Mgeni aliyekula kwangu."

"Hakuujua mkono wetu. Ule anaujua."

"Anajua kuitwa kama mbwa?"

"Kwao si mbwa, shangazi. Kwao ndiyo njoo."

Shangazi alimtazama mgeni, aliyekuwa amekaa anachuruzika maji, halafu akanitazama mimi. Hakuridhika. Alisema twende nyumbani, akatembea mbele bila kugeuka. Nilimjua: jambo lilikuwa limemfika, na woga wake ulikuwa umetafuta mahali pa kutokea, ukanipata mimi.

Mchana mume wake alirudi na wenzake. Alikuwa mtu wa maneno machache. Alipoelezwa alikwenda hadi kwenye kijito, kwa nchi kavu, akarudi baada ya muda akasema kuna alama ya tumbo kwenye tope, mpya, na upana wake akauonyesha kwa mikono. "Yuko hapo tangu Jumamosi," akasema. "Alichukua mbuzi." Kisha akaomba maji ya kunawa, akala.

Nilidhani mgeni angenishukuru. Badala yake alikasirika, ingawa si papo hapo. Ilikuwa alasiri, tumekaa kwenye mkeka kivulini mwa nyumba, akaanza kusema polepole kwa Kiingereza huku anavunja kijiti vipande vipande.

"Uliniambia mkono wangu una makosa. Nikaacha kuutumia. Hukuniambia wenu ukoje."

"Sikufikiria."

"Miezi minne. Unaniita kila siku, si ndiyo? Shuleni?"

Nikafikiri. Kweli, nilikuwa namwita kila siku. Kutoka mlango wa chumba cha walimu, kutoka bombani, kutoka dukani. Nikamuuliza, alikuwa anaelewaje.

"Nilikuwa nafikiri unanisalimia," akasema. "Halafu nakuja kwa sababu nataka kuja."

Nilimwomba radhi. Akasema sawa, ila hakuzungumza nami tena mpaka chakula, na hata kesho yake alikuwa mkimya. Nilikubali alikuwa na haki. Nilikuwa nimemsahihisha kama mwanafunzi anayechekwa kwa kosa, kisha anaachwa bila jibu sahihi. Mimi mwalimu, tena wa lugha.

Aliyetupatanisha ni shangazi, ingawa sidhani alikusudia. Asubuhi ya siku ya mwisho alimpeleka mgeni mwisho wa ua, akamsimamisha kwenye ukuta, akarudi mlangoni kwake. Akanyoosha mkono, kiganja chini, akavuta vidole.

"Huu ni njoo," akasema kwa sauti. "Njoo."

Mgeni akaja.

"Rudi."

Akarudi. Kisha shangazi akataka aitwe yeye. Mgeni akanyoosha mkono, akajaribu, ikawa kama anafukuza nzi. Shangazi hakusogea. Alikunja mikono kifuani akatazama angani. Mgeni akajaribu tena, sasa vidole vikaenda kimoja kimoja kama anapiga kinanda. Shangazi hakusogea. Watoto wa jirani walikuwa wameshajaa mlangoni wanacheka, na mimi nikaanza kucheka, na mgeni aliponiona nacheka akacheka pia, mara ya kwanza tangu ziwani. Mara ya sita au ya saba mkono ukakaa. Shangazi akatembea ua mzima kwa madaha, akamfikia, akamshika mabega.

"Sasa hata nikifa utaweza kuniita," akamwambia. Mgeni hakuelewa sentensi yote, ila alimkumbatia.

Akaanza kuutumia shuleni muhula ulipofunguliwa. Kidato cha pili walinisimulia kwamba siku ya kwanza alipomwita mwanafunzi ubaoni kwa kiganja chini, darasa zima lilipiga makofi. Alikaa mpaka mwezi wa kwanza, akarudi kwao. Tunaandikiana.

Mimi nilibadilika kidogo tu. Walimu wapya hupangwa kwetu kutoka kila upande wa nchi, na sasa wakifika, baada ya kuwaonyesha bomba na choo, huwauliza kwao mtu anaitwaje kwa mkono. Wengi hushangaa swali. Wengine hunionyesha mkono uleule wa mama yangu. Kijana mmoja wa Dar es Salaam alisema yeye na washikaji wake wanaitana kwa mluzi, au kwa kidole, na hakuna anayekasirika, ila hathubutu kumwita baba yake hata kwa kichwa.

Mwaka huu alikuja mwalimu wa jiografia, mwanamke mpole, mkubwa kwangu kwa miaka michache. Alifikiri kabla ya kujibu.

"Kwetu mtu mzima haitwi kwa mkono," akasema. "Unamfuata alipo."

"Na akiwa mbali sana?"

Akaniangalia kana kwamba sikusoma.

"Unatembea," akasema.