Maiti Aliyemeza Mate

Mhariri wa filamu ninayefanya naye kazi chumba kimoja huwafokea waigizaji kwenye skrini kama wanawe watundu. "Toka hapo, umeshalia vya kutosha!" humwambia mmoja, kisha kidole kinashuka na mtu anakatwa na chozi lake shavuni. Vidole vyenyewe ni vifupi, kucha ameziguguna, na kila akikata hupuliza kibodi kana kwamba damu imerukia hapo. Sipendi lugha hiyo kazini na nimeshamwambia. Hunijibu, "Sawa, mwalimu," na kuendelea.

Wiki iliyopita alikutana na maiti anayemeza mate. Maiti huyo aliigizwa na baba mkwe wake, ambaye tayari alikuwa ameualika ukoo mzima kwenye onyesho la majaribio. Mumewe akapiga simu kumwombea mzee. "Mke wangu, mwache tu. Ni koo lile, nani ataliona?" Yeye akafoka, "Linapanda na kushuka kama lifti! Watu wanalia, marehemu anakunywa chai?" Akamkata mzee mwili mzima, ikabaki miguu. Siku ya onyesho alimwamkia kwa adabu, "Shikamoo, baba," akaketi nyuma yake. Mjane kwenye skrini alipoanza kuomboleza, mzee akasimama, mikono juu. "Miguu yangu hiyo! Jamani, ile pale ni miguu yangu!" Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Kesho yake nilimkuta mhariri mezani mapema, midomo ameibana, hamfokei mtu. Alikuwa anaikata na miguu.