Filamu Kumi na Moja

Kila asubuhi Spéciose, mhudumu wa wazee majumbani, humkuta bibi Mhispania ameshajipaka wanja na kuketi pale dirishani ambapo mwanga humwangukia shavu la kushoto. Hata akiletewa vidonge, hugeuza shavu hilo kwanza, ndipo afungue mdomo. Vidole vyake vimepinda kwa baridi yabisi, lakini hukiinua kikombe polepole, kama mtu anayejua anatazamwa. Katika ujana wake aliigiza filamu kumi na moja huko Madrid. Katika jengo analoishi sasa, mtaani Husby, Uswidi, hakuna aliyewahi kuzisikia. Kiswidi anakisema kwa sauti nene, yenye mikwaruzo.

Jumapili moja Spéciose aliipata filamu mojawapo kwenye simu, akaiegemeza kwenye birika. Msichana mrembo alitokea, akacheka kwa sauti nyembamba, laini.

“Ulikuwa na sauti tamu, Mama.”

“Hiyo si yangu,” alijibu bibi, akipangusa makombo mezani. “Walisema yangu ni nene mno kwa mrembo. Filamu zote kumi na moja, walimweka mwanamke mwingine anisemee.”

Spéciose alizima sauti. Msichana akaendelea kuchezesha midomo kimyakimya. Bibi alimtazama kitambo, kisha akaanza kusema mwenyewe, kwa Kihispania, na kila neno lilitua kwenye midomo ile bila kuchelewa. Spéciose hakuelewa hata moja. Alikuwa ameshavaa koti, na mzee mwingine, wa ghorofa ya tatu, alikuwa akimngoja amhudumie. Alilivua, akaketi.