Chama Kilichokutana Makaburini

Katika miaka ile ya tisini chama cha baba yangu kiliruhusiwa kuwepo lakini hakikuruhusiwa kukutana. Ndivyo sheria ilivyokuwa. Mimi nilikuwa nimetoka chuo kikuu majuzi, nina maswali mengi kuliko nguo, na nilimuuliza baba: kitu kisichokutana kinakuwepo wapi? Alinijibu, "Kichwani mwa wenye akili," akarudi kwenye gazeti lake.

Ukweli ni kwamba kilikutana. Kilikutana makaburini. Mkutano wa hadhara ungeleta polisi, lakini hakuna afande anayezuia watu kuzika. Kwa hiyo mwanachama wa zamani alipofariki, wenzake walitoka Jinja, Iganga, Mbale na Tororo, wakaja na makoti yao ya zamani. Baada ya maneno ya dini na baada ya ukoo kusema, mwongozaji wa msiba aliita "neno la wazee". Mzee mmoja alisimama akasema machache. Hakutaja jina la chama wala rangi yake. Alisema marehemu alikuwa mtu wa msimamo, kwamba aliyopanda hayajafa, na waliojua walijua. Aliyesema neno la wazee ndiye aliyekuwa mwenyekiti wa tawi la mashariki. Hapakuwa na kura wala muhuri. Ukilisema, wewe ndiye.

Mwenyekiti wetu alikuwa mwalimu mstaafu wa Busiu. Makamu wake walikuwa wawili: baba yangu na rafiki yake Haji.

Baba alikuwa askari magereza, mtu wa Mbale aliyehamishiwa Jinja akastaafu akiwa huko, akajenga upande wa Masese. Mama ni wa kaskazini, ndiyo maana nyumbani kwetu tulisema Kiswahili, kile cha kambini, kifupi kama amri. Haji alikuwa na duka la spea za baiskeli mjini na nyumba yake ilikuwa Nalufenya. Wakati wa utawala wa wanajeshi Haji aliwahi kukamatwa kwa kosa ambalo hata waliomkamata hawakulijua. Baba ndiye aliyekuwa zamuni. Alimpelekea maji na chakula kutoka nyumbani, na alikwenda kumwambia mke wa Haji kwamba mumewe yu hai. Siku zile neno kama hilo lingeweza kumtia mtu kaburini. Haji alipotoka alikuja kwetu akakaa kitini mpaka jua likazama. Tangu hapo mimi nilimwita baba mdogo, na watoto wake walimwita baba yangu baba mkubwa.

Walipenda kutaniana. Haji, aliyejifunza Kiswahili chake madrasa, alikuwa akisema, "Afande, umestaafu lakini Kiswahili chako bado kimevaa buti."

"Na yako imevaa kanzu," baba alijibu, "lakini uongo ni ile ile."

Mwalimu wa Busiu akafariki. Mimi wakati huo nilikuwa nafundisha sekondari moja Mbale, kwa hiyo nilifika msibani mapema, nikawaona baba na Haji wakishuka kwenye gari moja. Ilikuwa imekubaliwa kwamba baba ndiye atakayesema, kwa kuwa ndiye mkubwa kwa umri. Nilijua alivyolitaka. Alikuwa ametumikia serikali tano, na katika zote hakuna aliyewahi kumwita mbele ya watu. Koti lake lilikuwa limepigwa pasi hadi linang'aa mabegani.

Mwongozaji akaita, "Neno la wazee!"

Baba hakusimama. Aliniambia baadaye kwamba alingoja kuitwa. Magereza, alisema, afisa hasimami mpaka cheo chake kitajwe. Lakini mwongozaji asingeweza kutaja cheo, kwa maana kijana mmoja wa usalama alikuwa amekaa pale kwenye benchi la jirani, miwani myeusi usoni, anakula muwa. Mwongozaji akaita tena. Watu wakageuka. Kimya kikawa kirefu, mjane akainua kichwa. Ndipo Haji akasimama, akasema neno, akalisema vizuri, akakaa.

Nimelichunguza jambo hili kama nilivyofundishwa kuchunguza kila jambo, na sijapata hatia. Haji alisema alisimama kuficha aibu. Baba alisema Haji alisimama kwa sababu alikuwa tayari kusimama. Huenda wote wawili walisema kweli. Walirudi Jinja kwa magari mawili.

Hata hivyo wangepatana, naamini, kama si Kampala. Makao makuu ya chama yenyewe yalikuwa yamegawanyika, wakubwa wawili, kila mmoja na ofisi yake na muhuri wake, na kila mmoja alikuwa anatafuta mtu wa mashariki. Mkubwa wa kwanza alimpongeza Haji kwa uenyekiti. Mkubwa wa pili akamtumia baba ujumbe kwamba amedhulumiwa. Baba hakuwa amewahi kulitumia neno hilo. Baada ya ujumbe ule alilitumia kila siku.

Tangu hapo kila msiba ukawa uchaguzi. Walizika watu wasiowajua. Baba, aliyekuwa haamki kwa jambo lolote isipokuwa misa, sasa alitoka na basi la asubuhi kwenda Tororo kumzika shemeji wa mwanachama. Akifika, anamkuta Haji ameketi mbele, kanzu nyeupe, tasbihi mkononi. Mwongozaji akiita neno la wazee, wote wawili wanasimama. Anasema huyu, anasema yule. Wapo waliopigia makofi upande wao, makofi msibani, na wapo waliozomea chini kwa chini.

Nakumbuka msiba mmoja pale Masese, wa mvuvi aliyekuwa mwanachama tangu ujana. Walikuwa bado wanabishana nani aanze, marehemu yuko mbele yao kwenye mkeka, mjane akasimama. Alikuwa mama mnene, mikono bado inanuka samaki wa asubuhi.

"Wazee wangu," alisema, "nyinyi mna nyumba. Si mwende kugombana huko? Mimi nina mtu mmoja tu wa kuzika leo."

Watu wakacheka kwa uchungu. Baba na Haji wakakaa. Nikadhani pale ndipo mwisho wake, kwamba mtu mzima akiambiwa hivyo hadharani anaona. Wiki iliyofuata walikuwa Iganga.

Nilikwenda dukani kwa Haji bila baba kujua. Alikuwa anakaza mnyororo wa baiskeli ya mteja, vidole vyeusi kwa grisi.

"Baba mdogo," nikamwambia, "mnagombania nini? Chama hakina ofisi, hakina kadi. Hata kiti chenyewe hakuna, ni kusimama tu."

"Ah, mwalimu." Hakuinua macho. "Mtu akigombania shamba mnasema ana akili. Akigombania shamba alilokatazwa kulima, mnasema mjinga. Lakini siku wakifungua, utasikia watu wanauliza, la nani hili?"

"Na baba?"

"Babako nini?"

"Babangu ni rafiki yako."

Akaacha mnyororo. "Rafiki yangu anapita hapa mbele ya duka kila Ijumaa, anaangalia upande wa benki. Benki haina kitu cha kuangalia. Mwambie aje anywe chai. Usimwambie nimekutuma."

Nikamwambia. Baba alikuwa ananyoa ndevu, uso umejaa povu.

"Aje yeye. Mimi sikusimama, yeye ndiye nasimama."

"Baba, alisimama kwa sababu wewe ulikaa."

"Wewe iko upande gani?"

"Sina upande."

"Basi hujui kitu," akasema. "Mtu bila upande ni mtu wa soko."

Mama alikuwa anasikia. Yeye na mke wa Haji hawakuwa wameacha kutembeleana hata siku moja. Walikuwa wakipelekeana ndizi na unga kwa mlango wa nyuma, kama watu wanaopitisha magendo, ili waume wao wasione. Mama akanambia kwa sauti ya chini, "Waache. Hawa walipona Amini na njaa. Sasa wanatafuta kitu cha kuwaua." Ni mara chache mama alitaja jina lile.

Haji akaugua. Sukari ilimpanda, mguu ukavimba, akalazwa. Mama alikwenda kumwona, akarudi. Baba alivaa koti lake akakaa nalo sebuleni. Alikuwa anajiandaa kwenda, hilo nilikuwa na hakika nalo, maana hata viatu alikuwa amevipaka rangi. Ndipo wakaja wanaume wawili wa upande wake, mmoja mwenye kinu cha mahindi, mwingine karani mstaafu.

"Afande, unakwenda wapi?"

"Naona mgonjwa."

"Sikatai," akasema karani. "Lakini ngoja kidogo. Ukienda leo watasema umekwenda kusalimu amri. Ngoja atoke hospitali, umsalimie nyumbani kama mtu na mtu."

Baba alinitazama. Nilisema, "Nenda." Alimtazama mama. Mama alisema, "Nenda." Baba akafungua kifungo kimoja cha koti, halafu cha pili.

Haji hakutoka hospitali. Alifariki alfajiri ya Ijumaa, na kama ilivyo desturi ya Waislamu, mazishi yakawa jioni ile ile. Habari ililetwa na kijana wa duka kwa baiskeli. Ilikuwa likizo ya shule, nikaenda na baba. Njia nzima hakusema ila mara moja tu, tulipovuka reli: "Leo sitaki maneno. Leo mimi ni mtu tu."

Mtaa mzima wa Nalufenya ulikuwa umejaa. Niliona kanzu za wafanyabiashara, niliona askari wastaafu, niliona makoti ya zamani ya chama, na kando, karibu na gari lenye namba za Kampala, niliona mtu mnene aliyetumwa na mkubwa wa kwanza kuja kusema neno. Tulipofika getini watu walipasuka katikati kutupisha, na mnong'ono ukapita: "Afande amekuja. Afande amekuja kuchukua kiti." Mwenye kinu cha mahindi alikuwa amekwisha kufika na watu wake, wamesimama pamoja kama watu wanaongoja kazi.

Mtoto mkubwa wa Haji akatoka. Macho yake yalikuwa mekundu. Akashika mkono wa baba kwa mikono yake miwili, akainama.

"Baba mkubwa, karibu. Umefanya vizuri kuja."

"Mwanangu. Pole."

"Baba mkubwa, nina ombi, na unisamehe." Aliangalia nyuma. "Wale wa Kampala wana mtu wao. Na hawa wako wameapa kama hukusema wewe, hasemi mtu. Ukienda mbele itakuwa vita juu ya mzee."

"Mimi sisemi. Nimeshasema sisemi."

"Najua. Lakini watu hawangoji useme. Ukisimama tu pale kaburini, ukishika udongo, wataanza."

Baba akavua kofia. "Hata udongo?"

"Hata udongo, baba mkubwa."

Nilitaka kuingilia. Nilikuwa na hoja, ninazo siku zote: kwamba watu hawa wawili walikuwa marafiki kabla ya chama, kwamba kijana huyu asingezaliwa kama baba asingepeleka maji gerezani. Baba alinigusa mkono niache.

"Sawa, mwanangu," alisema. "Mzike baba yako vizuri."

Tulisimama nje, kwenye ua wa miti, pamoja na watu wa baiskeli, wateja wa duka lake. Tulisikia swala, na hatukuona jeneza. Tulisikia udongo ukianguka. Mtu wa Kampala alisema neno, sauti ilitufikia vipande vipande: msimamo, aliyopanda, hayajafa. Baba alikuwa amevua kofia. Hakulia, au alilia kwa namna ambayo mimi sikufundishwa kuiona.

Majuma machache baadaye walikuja nyumbani wazee wa pande zote mbili. Walivua viatu mlangoni, wakanywa chai ya mama, wakasema wamechoka. Yule mtu wa Kampala alikuwa amerudi kwake na hawakumjua. Mmoja, mzee mwembamba aliyekuwa upande wa Haji tangu siku ya Busiu, ndiye aliyesema: "Afande, hatuna mwingine. Na siku ile Nalufenya tulikuona."

Nilikuwa na hakika atakataa. Nilikuwa hata nimeanza kujivunia. Baba akawashukuru, akakubali.

Walipoondoka nilimfuata uani. "Baba, ungeweza kukataa."

"Ningeweza."

"Sasa kwa nini?"

Alikuwa anaangalia upande wa ziwa. "Wewe umesoma," alisema. "Nikikataa hii leo, niambie: mimi na yule mtu tuligombana kwa nini?"

Niliingia ndani kumsaidia mama kukusanya vikombe.

Msiba uliofuata ulikuwa Busoga, kijijini, wa mama mmoja aliyewahi kuwaficha watu wa chama jikoni kwake. Mwongozaji akaita neno la wazee, na baba akasimama papo hapo. Alisema vizuri, kwa Kiswahili chake kifupi. Hakuna aliyezomea, hakuna aliyepiga makofi. Alipomaliza aligeuka kidogo, kama mtu anayengoja kupingwa. Hakuna aliyesimama. Akangoja bado, mpaka mwongozaji alipokohoa, ndipo akakaa.