Mzungu Aliyemwosha Mtoto

Bado naikumbuka Jumamosi ile, mwanangu, na hasira yake haijaniisha. Ulikuwa hujaanza kutambaa. Padri alileta sinema za zamani kutoka Ufaransa, akaziba madirisha ya ukumbi wa kanisa pale Kerugoya kwa mablanketi mchana kweupe. Zilikuwa fupi, hazina sauti, watu wakitembea kama wanaokimbilia basi. Kwa hivyo katekista alisimama kando kutueleza wanasema nini.

Ikaja moja ya mzungu mwenye masharubu, anamwosha mtoto ndani ya karai uani, mkewe ameketi anakunywa kahawa. Nikasogea mbele kwenye benchi. Nilitaka kujua yule mama anawaza nini, na kama maji yalikuwa ya moto.

"Huyu amekaliwa na bibi," katekista akasema. "Ameambiwa asipomwosha hatakula."

Ukumbi mzima ukacheka. Polisi mwenzake baba yako akamgeukia. "Afande, kumbe mko wawili."

Maana laini yote ya nyumba za polisi tulikoishi ilijua: tangu nikuzae kwa kupasuliwa, baba yako ndiye aliyekuwa akikuosha. Alikuwa amekupakata. Akanirudishia papo hapo kama sufuria inayochoma, akaangalia ukutani. Nikajua kesho hatakugusa.

Nikasimama na wewe kifuani. Nikamwuliza katekista, "Hayo maneno umeyatoa wapi? Huyo mama hajafungua mdomo." Nikamwomba padri airudishe sinema hiyo, na safari hii mtu asitueleze chochote.

Akairudisha. Sasa watu wakaanza kutazama kweli, hata wale wa nyuma wakasimama. Mzungu alipima maji kwa kiwiko. Aliziba sikio la mtoto kwa kidole gumba. Nyanya mmoja karibu nami akasema polepole, "Huyo hajalazimishwa. Huo mkono umezoea hiyo shingo."

Hakuna aliyecheka. Na kesho yake, Jumapili, baba yako alitoa karai nje, mbele ya laini nzima, akakunja mikono ya shati.

Mwanangu, utakutana na wengi wa kukueleza nyumba za watu, na yako pia. Waambie wanyamaze kwanza, utazame mwenyewe. Na mtoto wako akichafuka, mwoshe. Anayetaka kucheka acheke. Mungu akujalie watoto, na mikono isiyoona haya kuwashika.