Wayunani wa Frateri

Nilikuwa katekista wa kigango kule Mugoma, na nisikufiche, nilikuwa mtu wa kujisikia. Kitabu cha maswali na majibu nilikijua chote kwa kichwa, na anayejiandaa kubatizwa akikosea neno moja nilimkatiza papo hapo. Padre alinipenda kwa hilo. Wakimbizi walipovuka kutoka Burundi na vilima vyetu vya Ngara vikafunikwa na maturubai ya buluu, padre aliniita akasema, "Wewe kichwa chako kimetulia. Nenda kambini ukasimamie mafundisho." Nikapaka mnyororo wa baiskeli mafuta, nikaondoka nimevimba kichwa.

Kambini nikakuta kazi imeshaanza bila mimi. Alikuwapo mwanamume wa miaka kama thelathini, mrefu, amekonda, amevaa koti la msaada ambalo mwenyewe wa kwanza bila shaka alikuwa mnene. Alikuwa amesoma falsafa seminari kuu kwao mpaka vita ilipomtoa. Watu walimwita Frateri, kama waitwavyo wanaosomea upadre. Walikaa kwenye magogo ndani ya kanisa la miti na turubai, watu wazima kama arobaini, naye alisimama mbele yao mikono mitupu, hana kitabu, anaongea tu. Kihangaza chetu na Kirundi chao vinaelewana, kwa hiyo nilisimama nyuma nikasikiliza.

Alikuwa anawasimulia habari za Wayunani. Ndiyo, Wayunani, katika kambi ambayo watu walikuwa wanapanga foleni ya maji tangu alfajiri. Alisema zamani sana, kabla ya Kristo, walikuwapo watu kule Uyunani waliouliza dunia inashikwa na nini isianguke. Baadhi yao wakasema inashikwa na Neno, yaani akili iliyo ndani ya vitu vyote. Baadaye Wakristo wa mwanzo waliosoma shule hizo waliposikia Injili ikimwita Kristo Neno, walishtuka. Wakasema, kumbe wale wazee walikuwa wanamtafuta huyuhuyu bila kujua jina lake. Mmoja wa Wakristo hao alikuwa mwanafalsafa, akabatizwa, na hakuvua joho lake la kifalsafa. Watu wakalitazama lile koti la Frateri wakacheka, naye akacheka nao.

Mimi sikucheka. Kilichoniuma, nikisema kweli, hakikuwa Wayunani. Mimi niliishia darasa la saba. Nilimsikia anaongea mambo ambayo hayamo kitabuni mwangu, na watu wamemkodolea macho wakati mimi darasani kwangu wanasinzia. Wivu ulinishika. Nikauita wivu ule kulinda imani.

Kwenye gogo la mbele alikaa bibi mmoja. Alikuja kambini na mjukuu wake wa kike tu. Kila nilipokuja nilimsalimia, "Shikamoo bibi," naye anaitikia, "Marahaba mwalimu," halafu ananivuta mkono niiname, kwa sababu alikuwa na swali, na swali lake lilikuwa lile lile. Baba yake alikufa kabla padre yeyote hajafika kijijini kwao. Alikuwa mtu mwema, aliamua kesi za majirani bila upendeleo, hakumfukuza mgeni. Je, yuko wapi? Bibi alitaka kubatizwa, lakini alitaka kwanza kujua kama ubatizo ule utamtenga na baba yake milele. Mimi nilimjibu, "Bibi, hilo halimo kwenye maswali."

Frateri ndiye aliyemjibu. Alimwambia swali lake si geni, Wakristo wa mwanzo waliulizwa hilo hilo kuhusu wale wazee wa Kiyunani. Wengine walikataa katakata, wakasema imani haina haja na wapagani. Lakini wengine walisema Neno alipanda mbegu kwa kila mtu, na aliyeishi kwa akili njema na haki kabla ya Kristo alikuwa wake kwa namna fulani, hata kama hakumjua. Akamsimulia na habari za mzee mmoja wa Kiyunani aliyehukumiwa kunywa sumu kwa sababu ya kuuliza maswali mengi mno, jinsi alivyoshika kikombe akaomba amwage kidogo kwanza kwa heshima ya miungu, mlinzi akamwambia sumu imepimwa, haina ziada.

Hapo bibi alikaa wima. Yeye kila akipewa pombe ya ndizi alimwaga tone chini kwa ajili ya baba yake. Ndiyo desturi ya huko, na ya kwetu pia, hata kwenye nyumba za Wakatoliki wa siku nyingi, ila sisi tunamwaga padre akishaondoka.

Ikafika kwaresima. Utaratibu wetu ulikuwa kwamba katekista anawahoji watu wote, anaandika daftarini mbele ya kila jina "tayari" au "bado", kisha padre anakuja kuwahoji tena kwa ufupi. Aliyeandikwa "bado" padre hakumwita hata kumwona. Daftari lilikuwa mkononi mwangu.

Bibi alijibu vizuri. Nani alikuumba, amejibu. Miungu ni wangapi, amejibu. Nikafika kwenye lile la kuacha mambo ya kipagani, ambalo jibu lake ni neno moja, nimeyaacha. Bibi akasema, "Nimeyaacha yote, mwalimu, ila tone la baba yangu. Na yule mzee wa Wayunani naye alitaka kumwaga."

Frateri alikuwa amesimama kando. Alisogea akasema kwa upole, "Mwalimu, niruhusu niongee naye. Tone ataliacha, tutampa sala ya kuwaombea marehemu badala yake. Anachotaka ni kujua tu kwamba baba yake hajatupwa." Ningeweza kumwachia. Ilikuwa asubuhi, siku nzima ilikuwa mbele yetu. Badala yake nilichukua kalamu nikaandika "bado", nikakandamiza mpaka karatasi ikatoboka. Kisha nikamwambia Frateri mbele ya watu wote kwamba kuanzia siku ile asifundishe, kwa sababu anachanganya watu na habari za makafiri. Na padre nilimweleza hivyo hivyo. Padre alikuwa na kambi nzima kichwani, wagonjwa, mazishi kila siku, akaitikia tu.

Frateri hakubisha. Alisema, "Sawa, mwalimu." Hilo nalo lilinikera.

Pasaka ikapita, watu wakabatizwa, bibi akakaa nyuma kanisani na kitambaa chake cheupe alichokuwa amekiandaa. Mvua za masika zikachanganya, homa ikaingia kambini. Siku moja mchana mjukuu wake akaja kunifuata kanisani. Alisema bibi amezidiwa.

Sasa hapa ndipo pananiuma, maana katekista yeyote anajua: mtu akiwa hatarini kufa, huhitaji padre. Maji kidogo na maneno yale, basi, hata mpishi wa kambi anaweza kubatiza. Nilichukua kikombe cha maji nikaenda. Nilifurahi hata, nikasema moyoni, nitayamaliza haya. Nje ya hema nikamkuta Frateri amejikunja chini ya ukingo wa turubai, koti limelowa. Alikuwa amekaa na mgonjwa tangu jana yake, na kwa sababu ya katazo langu hakugusa mambo ya ubatizo. Aliponiona aliinuka kunipisha.

Bibi alikuwa na akili zake zote. Nikamuuliza, "Bibi, unataka ubatizo?"

"Nautaka," akasema. "Niambie kwanza baba yangu yuko wapi."

Nilikuwa na kikombe mkononi. Nikasema, "Bibi, mambo ya wafu tumwachie Mungu. Wewe jibu, ndiyo au hapana."

"Frateri alisema ana mbegu ya Mungu. Wewe ukasema ni uongo. Nyinyi wawili ni watu wa Kanisa moja. Nimwamini nani?"

Nje nilimsikia Frateri anakohoa. Alikuwa mbali nami kwa hatua tatu. Ningesema tu, ndugu, ingia, mwambie. Lakini ningemwita, ningekuwa nimekubali mbele ya mgonjwa na mjukuu wake kwamba nilikosea. Sikumwita.

Bibi alingoja muda wa kutosha. Halafu akasema, "Basi nitakwenda aliko baba yangu," akageuzia uso kwenye turubai. Jioni ile alikufa. Nilirudi nyumbani na kile kikombe kwenye mfuko wa baiskeli, na Frateri akabaki kumchimbia kaburi. Muda si mrefu alihamishiwa kambi nyingine na sikupata habari zake tena.

Miaka ikapita, kambi zikafungwa, miti ikaanza kurudi vilimani. Nikapelekwa kozi ya makatekista, kwa upande wa Biharamulo. Siku ya tatu mkufunzi, padre mzee mpole, akafundisha juu ya Wakristo wa mwanzo na wanafalsafa. Neno. Mbegu. Joho. Yule mzee wa sumu. Nikanyoosha mkono nikauliza mafundisho haya yamekubaliwa lini na Kanisa. Akasema yapo tangu karne za mwanzo, ni ya zamani kuliko vitabu vyetu vya maswali. Wenzangu waliandika. Mimi niliweka kalamu chini. Nilijaribu kujifariji kwamba hata enzi zile walikuwapo Wakristo waliowakataa Wayunani, labda mimi nilikuwa wa kundi lao. Lakini wale walisoma walichokikataa. Mimi sikusoma chochote. Mimi nilimchukia tu mtu aliyejua.

Mwaka jana mama mmoja wa Murukulazo, anayejiandaa kubatizwa, alinifuata baada ya darasa. Bibi yake mzaa mama alikufa bila kubatizwa, na ndiye aliyemlea. Hawezi kulala kwa kumfikiria. Nikamkalisha. Nikamweleza habari za Wayunani na mbegu za Neno, kama nilivyozisikia, kwa maneno yale yale. Sidhani kama dakika tano zilipita. Machozi yakamtoka, akanishika mikono yote miwili, akasema amepona.

"Mwalimu," akaniuliza, "mambo mazuri namna hii uliyajulia wapi?"

Nikamwambia, kozini.