Sifa ya Halwa Niliyofundishwa na Nassor wa Sur

Kipande cha halwa kilikuwa bado kinywani mwangu, sijakimeza, pale Mzee Suleiman wa Nizwa alipomgeukia mkewe akasema polepole, kama mtu anayesoma dua: "Mbumapu ya mbwa."

Alidhani sitafahamu. Alisema kwa kinyume, ile lugha ya watu wa mjini Unguja ya kuchukua mwisho wa neno ukautia mwanzo, ili wageni na watoto wasijue kinachosemwa. Lakini mie marehemu mama yangu na khalati zangu walinisema kwa kinyume utoto wangu mzima. Nikaligeuza neno kichwani, likakaa sawa. Mapumbu. Ya mbwa. Ndiyo maana ya maneno niliyoyatamka mwenyewe punde tu kabla yake, kwa Kiingereza, kwa sauti kubwa, kuisifu halwa ya watu siku niliyokwenda kumposea mwanangu.

Aliyenifundisha yupo, ana jina na ana nyumba. Nitamtaja.

Safari ilianzia kwetu Ibra, huku Omani. Mwanangu Hilal alimtaka Raya, mjukuu wa Mzee Suleiman, na alinambia wazi: "Baba, nikimkosa huyu, msinitafutie mwengine." Sasa posa haendi baba peke yake, anakwenda na msemaji. Mie skuli niliiacha mapema, kazi yangu gari la maji, maneno ya kupangika siyawezi. Msemaji wa ukoo wetu ni Nassor, mtoto wa ami yangu, aliyekaa London miaka mingi na sasa anakaa Sur akilea goti lake. Nikenda kumchukua.

Sur nilifika jua limepanda. Nassor alinikirimu, siwezi kusema uongo, samaki na mkate wa ufuta. Tukiwa twanawa mikono akaanza.

"Khamis, weye wamjua Mzee Suleiman ni nani? Kabeba makreti ya matunda kwenye soko la London zamani hizo, mie bado sijatoka ushamba. Lugha ya kule anaipenda kama roho yake. Mpige neno moja tu, atakupa mjukuu na mbuzi juu."

"Neno gani?"

"Dogzi boloksi. Maana yake kitu kizuri kisicho na mfano."

"Si tusi?"

"Wallahi ni sifa!"

Kaapa. Nataka msomaji akumbuke kuwa kaapa.

Kesho yake tukarudi njia ile ile mpaka Ibra, tukampakia mke wangu Asya, tukashika njia ya Sinaw. Pale Sinaw pikapu za mabedui zilikuwa zimeziba njia, zimejaa mbuzi. Nassor akanionyesha beberu mmoja mnene anayetutazama kwa dharau.

"Huyu je?"

"Dogzi boloksi!"

Akacheka mpaka kofia ikaanguka. Asya kule nyuma akasema, "Nassor, mwanamme mzima acheka hivyo kwa neno la sifa?"

"Furaha tu, shemegi."

"Baba Hilal, neno usilolijua asili yake usilitie mdomoni."

Nikamjibu kuwa wanawake hawapendi kumwona mume akiongeza ilimu. Jibu lile mpaka leo linanigharimu.

Nizwa tuliingia baada ya alasiri. Mzee Suleiman alitupokea majlis, chumba cha wageni, na mkewe, Bibi Zuwena, akakaa karibu na mlango kama wakaavyo wazee wetu wa kike, asikie kila kitu. Nassor aliiomba posa vizuri, haki yake nampa. Ikaja halwa, ikaja kahawa. Nassor akanigusa kiko cha mkono. Nikajikohoza, nikasema:

"Mzee, halwa yenu hii ni dogzi boloksi."

Mzee akaacha kutafuna. Bibi akauliza, "Kasema nini?" Na hapo ndipo mume wake alipomjibu kwa kinyume. Nassor akainuka na goti lake, akasema anakwenda kutia udhu.

"Naha buada," alisema Bibi Zuwena, akinitazama huku anatabasamu kwa ajili ya mgeni. Yaani, hana adabu.

Sikuweza kuvumilia. "Nisamaha, bibi," nikasema. Samahani, bibi.

Finjani ya Mzee ikasita hewani.

"Eh! Huyu anasikia!" akasema Bibi Zuwena.

"Nasikia, bibi. Ningejua nisingesema."

"Weye mtoto wa nani?"

"Wa Bi Sharifa, wa Malindi ya Unguja."

"Basi mama yako angekutia kofi."

"Angenitia mawili, bibi. Moja langu, moja la Nassor."

Hapo Mzee akacheka, akajifuta machozi kwa ncha ya kilemba. "Nassor hakusema uongo," akasema. "Wabeba mizigo wa kule, kitu kikiwazidi uzuri ndivyo wasemavyo. Kwa nini mbwa, sijui. Lakini mbele ya mama zao hawathubutu. Na wao wana kinyume chao, ila chao kinakwenda kwa vina. Ngazi kwao ni steazi. Basi husema apozi na peazi, matofaha na mapeasi, kisha wanayaacha mapeasi, yanabaki matofaha. Weye wadhani wanataka matunda, kumbe wanapanda juu kulala."

"Na matusi?" akauliza Bibi.

"Mtu akisema upuuzi humwambia koblazi, washona viatu. Kile chuma cha mshona viatu cha kutobolea ngozi ni olzi. Olzi inapatana na bolzi."

"Na bolzi ni nini?"

Mzee akatazama kahawa yake. "Tumerudi kwa yule mbwa."

Bibi Zuwena akajitanda vizuri ushungi wake. "Sasa posa. Kijana sina neno naye. Baba yake mjinga, lakini mtoto wa mjini. Ila jibu nitampa msemaji aliyeiomba. Aje akae hapo, anieleze neno lake kwa Kiswahili, kwa mdomo wake, bila ya kinyume. Akimaliza ndo nitasema ndiyo au hapana."

"Yuko anatia udhu, bibi."

Tukangoja. Ikaadhiniwa magharibi, tukasali bila yeye. Jirani mmoja akatwambia kamwona mzee anayechechemea akipata lifti ya Firq, hapo nje ya mji, anauliza gari za kwenda Sur. Udhu gani huo, jamani, wa kutiwa mpaka Sur?

Tulilala Nizwa, asubuhi tukarudi. Asya alikaa kiti cha Nassor mpaka Sinaw. Pale kwenye mbuzi akanyoosha kidole, akasema polepole, "Baba Hilal, na huyu je?"

Nilichojifunza ni kuwa hakuna watu wasio na matusi. Kila mmoja anayafunika kwa nguo yake, na aliye nje ya nyumba hajui kilichofunikwa. Ndiyo maana mgeni husifu halwa kwa "tamu" akanyamaza.

Lakini Nassor si mgeni. Nassor, mtoto wa ami yangu, Hilal ameacha kula, macho yake kwenye simu. Raya naye anangoja. Bibi Zuwena amekaa pale pale mlangoni. Ulikwenda kama msemaji, basi rudi Nizwa ukaseme. Goti halina mdomo, usilisingizie. Na udhu wako, ndugu yangu, ushakauka zamani.